Mgeni Aliyepewa Kiti

Mgeni siku mbili, siku ya tatu mpe jembe. Hayo twayasema sote. Lakini jembe ni kazi, na kumpa mgeni kazi hakumwudhi mwenyeji. Jambo zito ni kumpa kiti katika baraza linalotunga sheria za nchi. Twapenda kulitazama jambo hilo kwa kumkumbuka Bwana Derek Bryceson, maana wako vijana wengi wa Kasulu na Kibondo wasiopata kulisikia jina lake.

Alizaliwa China mwaka 1922, mtoto wa Kiingereza. Katika Vita Kuu ya Pili alirusha ndege za vita za Uingereza, akaumia vibaya, na tangu hapo akatembea kwa fimbo. Alisoma kilimo Cambridge, akaja Kenya mwaka 1947, na mwaka 1952 akahamia Tanganyika, akalima magharibi ya Kilimanjaro. Mpaka hapo hatofautiani na walowezi wenzake.

Tofauti yaanza na uchaguzi wa kura tatu. Serikali ya kikoloni iliagiza kila mpiga kura achague Mwafrika mmoja, Mwasia mmoja na Mzungu mmoja; aliyeacha hata mmoja, kura yake iliharibika. Shabaha ilikuwa wazi: maelfu wachache wapate viti sawasawa na mamilioni. TANU ilikutana Tabora Januari 1958, maneno yakawa makali, na mwishowe ikakubali kuingia. Zuberi Mtemvu alikataa, akatoka, akaanzisha chama chake. Hatumlaumu, sheria ile ilichukiza. Lakini waliobaki waliona kwamba mtego ule waweza kumnasa aliyeutega: ikiwa Mwafrika alazimishwa kumchagua Mzungu, basi na awe Mzungu amtakaye yeye. Septemba 1958 Jimbo la Kaskazini liliwachagua Solomon Eliufoo, Bibi Sophia Mustafa na Bryceson, wote wakiungwa mkono na TANU.

Mwaka 1959 Bryceson aliingia katika uwaziri, na baadaye akashika Afya, kisha Kilimo. Alikuwa waziri Oktoba 1961, wakati baadhi ya wajumbe walipotaka uraia wa nchi mpya upimwe kwa rangi, naye Mwalimu Nyerere akasema kwamba yu tayari kujiuzulu kuliko kukubali.

Msomaji aweza kusema kwamba kiti cha 1958 kilikuwa kimetengwa, hivyo hakithibitishi kitu. Ni kweli. Basi na tuutazame mwaka 1965. Hapakuwa tena na kura tatu wala kiti cha Mzungu. Katika uchaguzi ule Paul Bomani, Waziri wa Fedha na mwasisi wa ushirika wa pamba, aliangushwa kwao Mwanza. Bryceson alisimama Dar es Salaam, mbele ya wapiga kura ambao wengi wao walikuwa Waafrika, akashinda kwa kura nyingi mno.

Mzee wa Heru Juu hatastaajabu sana. Masimulizi ya Buha yasema kwamba ukoo wa Mwami ulitoka nje, na ardhi ilikuwa ya Wateko, wakiigawa na kuiombea. Mwami alitawala, lakini kwa mambo ya udongo alimhitaji Mteko. Na Waha wenyewe wamejua kuwa wageni: ni wangapi waliopanda gari moshi kwenda kukata mkonge Tanga, wengine wasirudi?

Mkoa wa Kigoma nao una lake la kumkumbukia. Mwaka 1972 aliwekwa kuwa Mkurugenzi wa Hifadhi za Taifa, Gombe ikiwa mojawapo, na mwaka 1975 akamwoa Jane Goodall, mchunguzi wa sokwe wa huko. Alifariki mwaka 1980.

Tangu hapo wageni wengine wamefika, si kwa ngano bali kwa kukimbia vita. Mwaka 2014 watu zaidi ya laki moja na nusu, wakimbizi wa Burundi wa mwaka 1972 na wazao wao, walianza kukabidhiwa hati za uraia wa Tanzania. Wengi wao wako Katumba, Mishamo na Ulyankulu, majirani zetu wa kusini na mashariki. Katiba yadai Rais awe raia wa kuzaliwa. Mbunge haikumwekea sharti hilo. Siku mmoja wao atakapoomba kura, mpiga kura atamjibu peke yake, kwa siri, akiwa na karatasi mkononi.