Anayejenga Nyumba za Filamu

Kila nyumba tunayoiona katika filamu ina mtu aliyeipanga: huchora, huchagua mbao, rangi na vyombo, kisha huongoza mafundi. Kazi hiyo aliifanya Mwingereza Wilfred Shingleton. Mwaka 1948 yeye na John Bryan walipewa tuzo ya Oscar kwa Great Expectations. Filamu yake nyingine, The African Queen ya 1951, sehemu yake ilipigwa picha kwenye mto Ruiki, unaoingia Lualaba yetu. Ndani yake kijiji cha misioni kinachomwa moto. Kile kilikuwa cha maigizo. Kabambare, vita vimechoma nyumba za watu. Besaleli alijazwa Roho apate ustadi wa kujenga (Kutoka 31). Mafundi vijana wa Kasongo na Kabambare, parokia ziwape kazi hiyo.