Kinkondja: tutajua namna gani kama mtu amebadilika kweli?

Ukitoka Bukama na kushuka mto Lualaba, unapita katikati ya maji na majani marefu mpaka unafika ziwa Kisale. Hapo njo Kinkondja. Samaki ya kukauka na samaki ya chumvi ambayo mama zetu wanauza kwenye soko la Kamina, na hata Lubumbashi, mara nyingi imetoka huko. Juu ya ziwa kuna visiwa vya majani vinavyoelea, na wavuvi wanajenga vibanda juu yake. Maisha si rahisi. Kipindupindu kinarudi mara kwa mara, na mvua ikizidi, maji yanaingia mpaka ndani ya nyumba.

Katika mji wa namna hii watu wanajuana. Mtu hawezi kuficha yeye ni nani, baba yake ni nani, na wakati wa vita alikuwa upande gani. Ndiyo sababu kuna swali moja linalorudi kila mara, kule Kinkondja na katika Haut-Lomami yote. Kijana alikuwa porini na Mai-Mai. Leo amerudi. Siku ya Mungu anasimama mbele ya kanisa na kusema: mimi nimeokoka, mimi si yule wa zamani. Wengine wanapiga makofi. Wengine wanaangalia chini, maana wanakumbuka nyumba iliyochomwa na ndugu ambaye hakurudi tena. Tumwamini? Na nani ana haki ya kujibu: pasta, chifu, leta, ao yule mama aliyefiwa?

Swali hili si la leo. Tuliona vema kulitafutia mwanga katika maisha ya watu ambao majina yao yanajulikana, watu wa nchi yetu hii ya Lualaba na jirani yake. Wasomaji wetu watatuambia kama tumekosea.

Aliyeuza watu, akarudi

Turudi nyuma zaidi ya miaka mia moja. Kabla Wabelgiji hawajashika nchi yote, biashara ya watu ilikuwa na milango miwili. Mashariki kulikuwa na wafanyabiashara waliotoka pwani. Magharibi kulikuwa na Wavimbundu waliotoka Bié, katika Angola. Walitafuta pembe, mpira na watu. Lakini tusidanganyane: wageni hawakukamata watu peke yao. Kulikuwa na wenyeji waliowasaidia, waliovamia kijiji cha jirani usiku na kufunga kamba watoto wa wenzao.

Mmoja wa hao aliitwa Shalumbo, Msonge. Kazi yake ilikuwa hiyo ya kukamata na kuuza. Maisha hayo yalimfikisha mbali sana, hadi Angola, na kule, katika misioni za Waprotestanti, alisikia Injili na akageuka. Angaliweza kubaki kule. Hakuna mtu wa kwao aliyemwona, hakuna aliyemdai. Lakini alichukua njia ya kurudi, yeye pamoja na wengine waliokuwa wamepelekwa utumwani. Walitembea kwa miguu, safari ya miezi, wakafika Mwanza. Si Mwanza ya Tanzania, ni Mwanza ya kwetu, upande wa Malemba-Nkulu, mahali ambapo Waingereza wawili, William Burton na James Salter, walikuwa wameanzisha misioni ya Kipentekoste mwaka wa 1915.

Hata hapo Mwanza angaliweza kupumzika. Alikuwa na rafiki, alikuwa na kanisa. Lakini Shalumbo alikuwa na deni. Aliomba habari njema ipelekwe kwa Basonge, watu wake, na yeye mwenyewe akaenda. Fikiri kidogo jambo hilo. Alirudi kwenye vijiji ambako watu waliweza kumkumbuka na kamba mkononi. Kuhubiri mbele ya watu wasiokujua ni rahisi. Kuhubiri mbele ya mtu ambaye unajua ulichomfanyia, hiyo ni kazi nyingine.

Mwaka wa 1929 Burton alitoa kitabu juu ya maisha yake, kinaitwa When God Changes a Man, maana yake Mungu anapombadilisha mtu. Kiliandikwa na misionere kwa ajili ya wasomaji wa Uingereza. Sisi wa huku tukikumbuka maisha hayo, tunauliza pia swali lingine: wale waliouzwa na wasirudi, nani aliandika kitabu chao? Jibu tunalijua. Na ndiyo sababu kurudi kwa Shalumbo kuna uzito. Hakuweza kuwarudisha wale, lakini alikataa kuishi kama vile hawakuwapo.

Mwaka wa 1960 kando ya ziwa

Sasa tuje Kinkondja yenyewe. Mwaka wa 1920 alifika katika misioni hiyo Mwingereza mwingine, Edmund Hodgson, ambaye wenzake walimwita Teddy. Alikuwa fundi wa mbao kutoka mji wa Preston. Alizoea maisha ya wavuvi wa Kisale, na mwaka wa 1934 alitoa kitabu juu yao. Alikaa Kongo miaka makumi ine. Watoto aliowakuta wadogo, aliwaona wakizaa na kupata wajukuu.

Kisha ikaja mwaka wa 1960. Tarehe 30 mwezi wa 6 Kongo ikapata uhuru. Tarehe 11 mwezi wa 7 Moïse Tshombe akatangaza kwamba Katanga imejitenga. Baluba wa kaskazini hawakukubali. Chama chao kilikuwa Balubakat, na kiongozi wao alikuwa Jason Sendwe.

Ni vizuri vijana wa leo wamjue Sendwe si kwa jina la hospitali ya Lubumbashi tu. Alizaliwa mwaka wa 1917 kule Mwanya, katika teritware ya Kabongo. Alilelewa katika kanisa la Wametodisti, na kisha akafanya kazi ya afya, msaidizi wa daktari. Mwaka wa 1957 alianzisha Balubakat, na mwanzo wa 1960 alikuwa kwenye meza duara ya Bruxelles. Tshombe naye alikuwa mtoto wa kanisa hilohilo la Metodisti. Watu wawili waliosoma Biblia moja, wakasimama pande mbili za vita moja. Imani peke yake haikuwaambia njia ya siasa. Kila mmoja alichagua.

Wajandarma wa Katanga walipopanda kaskazini, vijiji vilichomwa na watu wengi wakauawa. Vijana wa Baluba nao wakashika mapanga, mikuki na mishale. Sababu yao ilikuwa ya kweli: walikataa kutawaliwa kwa nguvu. Lakini hasira ikishapewa silaha, haiulizi tena nani ni nani. Tarehe 8 mwezi wa 11, kule Niemba, askari 9 wa Irlandi waliokuwa na ONU waliuawa. Siku 15 baadaye, tarehe 23 mwezi wa 11, Hodgson na mwenzake Elton Knauf, mtu wa New Zealand, walikuwa katika safari ya kwenda Lulungu. Kule Lukamba vijana waliwakamata na kuwaua.

Huyu Hodgson hakuwa jandarma wa Tshombe. Alikuwa mzee aliyeishi na wavuvi miaka 40. Lakini kwa wale vijana, siku ile, ngozi yake ilitosha kuwa kosa. Hatuandiki hivi ili tuwahukumu babu zetu tukiwa tumekaa kivulini. Tunaandika maana ni lazima tuseme jambo lililo ngumu: mtu anaweza kuwa na haki katika madai yake, na akafanya ubaya mkubwa kwa mikono yake. Mambo hayo mawili yanaweza kukaa ndani ya kijana mmoja, siku moja.

Sendwe mwenyewe aliona hatari hiyo. Mwisho wa mwaka ule alizunguka kaskazini kwa msaada wa ONU, akiwaomba watu watulie. Hakuacha madai ya Baluba; alikataa tu yadaiwe kwa damu ya kila mpita njia. Naye hakuzeeka. Aliuawa Albertville, yaani Kalemie ya leo, mwezi wa 6 mwaka wa 1964.

Je, Kinkondja ilibaki na nini? Wamisionere walikuwa wameondoka. Wengine walifikiri kanisa litakufa. Halikufa. Wenyeji walilishika wenyewe, na leo tunalijua kama 30e CPCO, Communauté Pentecôtiste au Congo. Na katika makanisa hayo ya baada ya 1960, watu wa pande zote walilazimika kukaa kwenye benchi moja: waliokimbia, waliofiwa, na waliowahi kushika panga. Hakuna aliyeandika mazungumzo yao ya usiku. Lakini tunajua walibaki katika kijiji kimoja, wakavua samaki katika ziwa moja.

Kamina, mwaka wa 2004

Vita vya 1998 vilileta tena silaha mikononi mwa vijana. Mwanzoni Mai-Mai walisaidiwa na leta ili wazuie majeshi yaliyotoka mashariki. Vita kubwa ilipokwisha mwaka wa 2003, wengi hawakuweka silaha chini. Waliokuwa walinzi wakawa mzigo kwa watu walewale waliosema wanawalinda. Malemba-Nkulu, Mitwaba, Manono, Bukama: watu walikimbia na vitunguu vyao, mbuzi wao, watoto mgongoni. Wengi walifika Kamina, na malupangu ya makanisa yakajaa.

Hapo Ntambo Nkulu Ntanda, askofu wa Metodisti wa Katanga ya kaskazini tangu 1996, alifanya jambo ambalo wengi waliliona kuwa wazimu. Yeye na mapasta wake walitafuta njia ya kuongea na wakubwa wa Mai-Mai. Mmoja wao alijulikana kwa jina la Chinja-Chinja, na jina hilo halihitaji mtu wa kulieleza. Mwaka wa 2004 mkutano wa amani ulifanyika Kamina, na Mai-Mai wakaketi pamoja na machifu, watu wa leta na watu wa makanisa. Habari hizo ziliandikwa na mwalimu wa theolojia Pamela Couture katika kitabu cha 2016, na kichwa chake kinasema kwamba si sisi sote ni wa kuhurumiwa tu. Kuna waliojenga amani kwa mikono yao wenyewe.

Lakini mkutano mmoja hauondoi pori kichwani mwa mtu. Tuangalie mfano wa Gédéon Kyungu Mutanga. Mwaka wa 2006 alijitoa mikononi mwa ONU kule Mitwaba. Mwezi wa 3 mwaka wa 2009 mahakama ya kijeshi ilimhukumu kifo juu ya makosa dhidi ya binadamu. Mwezi wa 9 mwaka wa 2011 alitoroka gereza la Kasapa, na wanakijiji wakaanza tena kukimbia. Mwaka wa 2016 akatoka porini mara ya pili, akapokelewa Lubumbashi mchana, mbele ya watu wengi. Mwezi wa 3 mwaka wa 2020 akatoweka tena. Mara mbili aliweka silaha chini, na mara mbili watu wa Mitwaba walingoja bule aje awaambie ukweli.

Maswali matatu

Tukiweka maisha hayo pamoja, tunaona kwamba kuacha silaha ni jambo moja, na kubadilika ni jambo lingine. La kwanza linafanyika siku moja mbele ya wakubwa. La pili linachukua miaka, mbele ya majirani.

Basi kijana akirudi Kinkondja na kusema amebadilika, tunaweza kumuuliza bila chuki. Moja: umerudi kwa nani? Shalumbo hakurudi kwa mapasta tu, alirudi kwa Basonge. Mbili: umesema ukweli mbele ya nani? Kuungama kanisani ni vema, lakini yule mama aliyefiwa ana haki ya kujua mtoto wake amelazwa wapi. Tatu: unabeba mzigo gani? Daraja limeanguka, kisima kimejaa uchafu, kipindupindu kimefika. Mkono uliochoma nyumba unaweza kujenga nyumba, na watu watauona.

Na sisi tunaompokea tuko na kazi yetu. Hatuwezi kumwambia mtu abadilike na huku tunamnyima nafasi ya kutega nyavu. Kijana asiyekuwa na pirogi wala shamba, njia ya pori anaijua bado. Tena kusamehe si kufunga mahakama. Mtu anaweza kusamehewa na mama na bado akajibu mbele ya sheria. Akiwa amebadilika kweli, hatakimbia siku hiyo.

Kuna wazee Kinkondja ambao walikuwa watoto mwaka wa 1960. Wanapungua kila mwaka. Wao wanajua ni nani aliyerudi, alisema nini, na alipokelewa namna gani. Vijana wa makanisa na wa masomo, nendeni mkaketi nao, na daftari mkononi, kabla hawajaondoka na majibu yao.