Nyasi ya vilima vya shaba haisafishi damu

Kuanzia Kilwa, kando ya Ziwa Mweru, mpaka mitaa ya Lubumbashi, swali linalorudi kila mara ni hili: je, majani yanayoota juu ya vilima vya shaba vya Katanga yakichemshwa na kunywewa, yanatoa sumu ya madini mwilini? Wanaoyauza hudai kwamba mmea unaoishi juu ya shaba bila kufa umeishinda shaba, na anayeunywa ataishinda vilevile. Dai hilo ni uongo, na linawagharimu watu fedha na afya. Nyasi moja ndogo inatosha kulivunja.

Wataalamu huiita Microchloa altera. Ni nyasi ya kudumu, huota kwa vishungi kwenye udongo haba, majani yake membamba kama uzi, na kila bua hubeba suke moja tu, lililopinda kama mundu, vimaua vyote vimejipanga upande mmoja. Mylor Ngoy Shutcha wa Lubumbashi na wenzake waliipanda kwenye udongo uliotiwa gramu 2.5 za shaba kwa kila kilo, wakaifuatilia kwa miaka miwili. Matokeo yalichapishwa mwaka 2010: kati ya nyasi tatu za kienyeji zilizojaribiwa, ndiyo iliyohimili zaidi hata pasipo kuongezwa chochote, na palipotiwa chokaa, shaba katika majani ilikuwa pungufu kuliko palipotiwa mboji. Chokaa hupunguza tindikali. Tindikali ikipungua, shaba hung'ang'ania chembe za udongo badala ya kuelea katika yale maji ambayo mzizi huyanywa. Kiasi kinachofika mzizini, mimea mingi ya aina hii hukinasa hukohuko, katika kuta za seli, kabla hakijapanda juu. Kuishinda shaba, basi, ni kuifungia mlango. Mlango huo uko kwenye mzizi ulio hai. Haumo katika majani yaliyochemka sufuriani, wala hauhamii kwenye figo la mtu.

Mtu atauliza: mbona vitabu vinataja mimea ya Katanga inayojaza shaba majanini, likiwemo lile ua la shaba, Haumaniastrum katangense, ambalo watafiti walilifuata wakagundua mahali pa kale pa kuyeyushia shaba? Ua hilo kweli hupenda udongo wa shaba. Lakini mwaka 2007 Michel-Pierre Faucon na wenzake walizipitia upya hesabu hizo za shaba majanini, wakaonyesha kwamba huenda zilikuzwa na vumbi lililogandia juu ya jani. Na tuseme jani limejaa shaba kweli: chai yake itakuwa chai ya shaba! Muuza dawa hana pa kutokea.

Wapo pia wanaosema tuipande nyasi hiyo, tuikate, na ardhi itakuwa safi baada ya misimu michache. Tupige hesabu. Hekta moja ya udongo wenye gramu zile 2.5 za shaba kwa kila kilo, kina cha sentimita 20, ina uzito wa tani 2,400 hivi, na ndani yake shaba tani 6. Tukivuna tani 5 za majani makavu kila mwaka, na kila kilo tuipe gramu nzima ya shaba, tutatoa kilo 5. Tutamaliza baada ya miaka 1,200. Faida ya nyasi hii ni nyingine: inashika udongo. Kiwanda cha kuyeyushia shaba cha Lubumbashi kilianza mwaka 1911, na moshi wake uliiacha ardhi ya Penga Penga, mjini humo, kipara. Huko nako nyasi hii imejaribiwa kuifunika. Udongo uliofunikwa haupeperuki kiangazi, na vumbi ndilo linaloingia vinywani mwa watoto. Utafiti wa Célestin Banza na wenzake, wa mwaka 2009, ulikuta madini mengi zaidi kwenye mkojo wa watu wanaokaa chini ya kilomita 3 kutoka kwenye migodi na viwanda.

Kwa hiyo: nyunyizeni maji kabla ya kufagia, watoto wanawe mikono kabla ya kushika bukari (ugali), mboga za lengalenga zioshwe kwa maji mengi, na bustani ya mboga isiwekwe karibu na masalia ya mgodi, kwa sababu kuosha hakutoi kilichokwisha kuingia ndani ya jani. Mwenye dalili za sumu ya madini aende kituo cha afya. Nyasi ya kilimani iachwe pale ilipo. Kila kishungi kinachong'olewa kwa ajili ya sufuria kinaacha shimo la vumbi.