Je, Wajua? Bendera Ikipanda Mlingotini

Je, wajua kwamba bendera ya Tanzania inaweza kupandishwa kichwa chini na watu wakapita chini yake kutwa nzima bila kugundua? Ya Kenya ikipinduliwa, kijani huhamia juu palipokuwa na nyeusi, na kosa huonekana upesi. Ya Tanzania imekatwa mshazari, hivyo jicho hudanganyika. Tazama mstari mweusi: unatakiwa kuanzia chini, kwenye mlingoti, na kupanda kuelekea kona ya juu ya nje. Kijani hukaa juu kando ya mlingoti, bluu chini upande unaopepea. Ukiona mstari unashuka, bendera imepinduliwa. Mwambie mwalimu wa zamu au mlinzi wa ofisi, hata kama humjui.

Wajua kwamba Tanganyika haikuwa na shida hiyo? Bendera yake ya 1961 ilikuwa kijani, njano, nyeusi, njano, kijani, mistari ya kulala. Ukiigeuza ni ileile. Ndiyo Luteni Alexander Nyirenda aliyoisimika kileleni Kilimanjaro usiku wa Uhuru, pamoja na Mwenge. Hii ya sasa ilianza kutumika 30 Juni 1964, baada ya Muungano.

Kenya nayo ilipanda mlimani: Desemba 1963 Kisoi Munyao aliifikisha bendera Point Lenana katika Mlima Kenya, mita 4,985.

Zanzibar ina bendera yake tangu Januari 2005. Bendera ya Muungano imo ndani yake, katika kona ya juu kando ya mlingoti.

Je, wajua kwa nini filimbi hupulizwa bendera ikipanda au kushuka? Kwenye vituo vya polisi na ofisi nyingi za serikali Tanzania, bendera hupanda saa 12 asubuhi na kushuka saa 12 jioni. Filimbi ikilia, mpita njia husimama wima, anayeendesha baiskeli hushuka, gari husimama, mpaka filimbi ya pili. Hakuna anayeamrisha, na bado mtaa mzima hutulia. Naipenda sana desturi hii, na inaniuma kuona vijana wakipita huku simu sikioni. Wengi hawakuwahi kuelezwa; kosa ni letu sisi wakubwa.

Wajua kwamba kupandisha na kushusha hakuna mwendo mmoja? Hupandishwa kwa wepesi, hushushwa taratibu, na mshushaji huipokea mikononi isiguse ardhi. Shuleni hii ni kazi ya skauti au viranja: mmoja ashike kamba, mwingine ashike kitambaa. Mtoto akiachiwa peke yake, upepo humshinda.

Nusu mlingoti je? Hapa ndipo ofisi nyingi hukosea. Bendera haifungwi katikati moja kwa moja. Hupandishwa kwanza hadi juu kabisa, kisha ndipo huteremshwa hadi nusu. Jioni hurudishwa juu tena kabla ya kushushwa chini. Alipofariki Rais mstaafu Ali Hassan Mwinyi, katika siku 7 za maombolezo kuanzia 1 Machi 2024, kila mlingoti wa serikali ulipaswa kupitia hatua hizo asubuhi na jioni.

Saudi Arabia haishushi yake nusu mlingoti hata akifa mfalme, kwa sababu imeandikwa shahada ya Kiislamu.

Nchi mbili zikikutana, bendera zao hulingana ukubwa na kimo. Kuweka ya taifa moja juu ya taifa jingine wakati wa amani ni kuvunja heshima.

Na Kenya, kupeperusha bendera ya taifa kwenye gari si ruhusa ya kila mwenye cheo: Sura ya 99 ya sheria inawataja wachache tu, akiwemo Rais, Naibu wake na Jaji Mkuu.

Bendera iliyopauka au kuchanika pindoni haisubiri sikukuu ya taifa ndipo ibadilishwe. Ishushwe leo jioni, kesho alfajiri ipande mpya.