JE, TANGI LAKO LITAKUFIKISHA WAPI?



Kila ukikaribia msimu wa kharifu, mwishoni mwa mwezi wa Juni, mazungumzo ya majumbani mwetu hapa Maskati hugeukia Salalah. Watoto wanatamani ukungu na mvua ya rasharasha, na wazee wanatamani madafu na ndizi za barabarani, ambazo huwakumbusha kule tulikotoka. Basi familia hupakia mikeka, majagi ya chai na mito ya watoto, ikashika njia ya Nizwa, Adam, Haima na Thumrait, mwendo wa takriban kilomita 1,000, na sehemu kubwa ya mwendo huo ni jangwa tupu.

Nimeona ni wajibu wangu, kabla ya safari hizo kuanza, niandike juu ya jambo ambalo wengi wetu tunadhani tunalijua, nalo ni kiasi cha petroli kinachoingia katika tangi la gari na umbali ambao petroli hiyo inaweza kutufikisha. Naandika si kwa sababu mimi ni fundi wa magari, maana si fundi. Naandika kwa sababu nimefundisha hesabu kwa miaka mingi, na mwaka 2008 nilishindwa na hesabu ya kugawanya, ambayo mtoto wa darasa la nne angeiweza.

YALIYONIFIKA

Ulikuwa mwezi wa Julai. Garini tulikuwa watu watano: mimi, mke wangu, wanetu wawili, na mama yangu mzazi, Mwenyezi Mungu amrehemu, aliyekuwa na umri wa miaka 72 na akiugua maradhi ya sukari. Kijitabu cha gari kilisema mambo mawili. La kwanza, tangi linachukua lita 50. La pili, gari linatumia lita 6.5 kwa kila kilomita 100 za barabara kuu. Nikagawanya lita 50 kwa 6.5, nikazidisha kwa 100, nikapata kilomita 769. Nikaridhika nafsi yangu.

Tulijaza tangi Adam. Tulipofika Haima tulikuta msururu mrefu wa magari kwenye pampu. Mshale wa petroli ulikuwa umekaribia nusu. Nilipiga hesabu yangu nikaona bado nina kilomita zaidi ya 400, nikamwambia mke wangu, "Hapana haja ya kusubiri juani." Tukapita. Kituo tulichokifikia baadaye kilikuwa kimefunga kitambaa kwenye pampu: petroli imekwisha, gari la kuleta nyengine halijafika. Tukaendelea. Muda si mrefu taa ya akiba ikawaka, na baada ya hapo mshale ulishuka kwa kasi ambayo sikuitarajia. Gari likakohoa, likatikisika, likazimika kilomita 530 baada ya Adam, saa nane za mchana.

Injini ikizima, kiyoyozi nacho huzima. Simu hazikushika mawimbi pale. Dawa ya mama ya sukari ilikuwa katika kopo la barafu ambayo tayari ilikuwa imeyeyuka. Tulikuwa na chupa tatu za maji kwa watu watano. Tulitundika kanga kwenye milango kufanya kivuli, tukakaa saa moja na dakika 50, na kila nilipomtazama mama amefumba macho nilihisi nimebeba dhamana ambayo sitaweza kuijibu. Hatimaye mzee mmoja wa Kibedui aliyekuwa na pikapu alisimama, akatumiminia petroli kutoka katika debe lake la chuma, akatupa na maji, akakataa kupokea hata baisa moja.

Tulipoanza tena mwendo, mama alinena maneno machache tu: "Baba yako alikuwa nahodha. Hakung'oa nanga hata siku moja mpaka atie kijiti mwenyewe ndani ya pipa la maji. Hakumuuliza mtu lina maji kiasi gani." Sikuwa na jawabu.

LITA 50 SI LITA 50

Tuanze na tangi lenyewe. Idadi ya lita iliyoandikwa kijitabuni ni ujazo wa tangi, si kiasi utakachoweza kukichoma. Chini kabisa ya tangi hubaki petroli kidogo ambayo pampu haiwezi kuivuta, hasa gari linapopanda, linaposhuka au linapokata kona. Na juu ya tangi huachwa nafasi kwa makusudi, kwa kuwa petroli hutanuka ikipata joto. Petroli inayotoka kwenye hodhi iliyo chini ya ardhi huwa ya baridi kidogo. Lita 50 zikipata joto la nyuzi 20 zaidi huongezeka kwa karibu lita nzima. Kwa hiyo mpira wa pampu ukijikata wenyewe, tosheka. Wale wanaoendelea kubonyeza mpaka petroli ionekane mdomoni hawajiongezei safari. Wanaujaza mfumo wa kunasa mvuke kwa kitu ambacho haukuumbiwa.

Pili ni mshale. Ndani ya tangi mna boya lililofungwa kwenye mkono wa chuma. Petroli ikishuka, boya nalo hushuka, na mkono ule hupeleka habari kwenye mshale kwa njia ya umeme. Lakini tangi la gari si sanduku la mraba. Limepindwapindwa ili lienee chini ya viti. Kwa sababu hiyo katika magari mengi mshale hukaa juu muda mrefu, kisha nusu ya pili hushuka mbio. Nusu ya mshale si lazima iwe nusu ya petroli, na hakika si nusu ya safari.

Tatu ni taa ya akiba. Katika magari madogo na ya wastani taa hiyo kwa kawaida huwaka zikiwa zimebaki lita kama 6 mpaka 10. Wahenga wametuambia kwamba akiba haiozi, lakini wako wanaoifanya akiba hii kuwa matumizi ya kila siku. Pampu ya petroli katika magari mengi ya leo imo ndani ya tangi, na petroli ndiyo inayoipoza. Anayezoea kuendesha tangi likiwa karibu tupu huichosha pampu hiyo kabla ya wakati wake. Ama wenye magari ya dizeli, wao wakiishiwa kabisa huingiza hewa katika mabomba, na baadhi ya magari hayo hayawaki tena mpaka fundi aitoe hewa hiyo.

KWA NINI KIJITABU HAKIKUSEMA KWELI YAKO

Kijitabu hakikunidanganya. Mimi ndiye niliyekielewa vibaya. Vipimo vile hufanywa ndani ya maabara, gari likiwa juu ya magurudumu ya mashine, kwa ratiba maalumu ya mwendo. Katika mtihani wa zamani wa Ulaya, wastani wa mwendo ulikuwa kama kilomita 34 tu kwa saa na kiyoyozi kilikuwa kimezimwa. Kuanzia mwaka 2017 Ulaya ilianza kutumia mtihani mwengine ulio karibu zaidi na maisha ya watu, lakini huo nao haujui kwamba wewe unakwenda Salalah mwezi wa Julai na watu watano.

Mambo yanayokula petroli ni haya:

Mwendo. Upinzani wa upepo hukua kwa mraba wa mwendo. Ukitoka kilomita 100 kwa saa ukaenda 120, upinzani huo huongezeka kwa asilimia 44. Sheria hukuruhusu 120 katika barabara kuu zetu nyingi, lakini tangi lako halisomi kibao cha sheria.

Kiyoyozi. Katika joto la nyuzi 45 hapana wa kukuambia ukizime, lakini ukiingize katika hesabu.

Mizigo. Kila kilo huongeza kazi ya injini. Mizigo ya juu ya paa ina hasara mbili, kwani ina uzito na tena inakamata upepo.

Matairi yenye upepo mdogo. Haya hukokota, tena katika lami ya moto hupata joto na kupasuka. Pima upepo asubuhi kabla ya kuondoka, matairi yakiwa baridi.

Upepo wa mbele na milima. Anayerudi kutoka Salalah hupanda milima ya Dhofar mpaka Thumrait, na kipande hicho kifupi hunywa petroli kuliko urefu wake.

Magari ya siku hizi huandika kwenye dashibodi idadi ya kilomita zilizobaki. Jambo hilo ni la msaada, lakini nambari hiyo ni makisio yanayotokana na mwendo uliokwisha kwenda. Ikiwa umetoka polepole, itakuahidi mengi. Ukiongeza mwendo, itaanza kuzivunja ahadi zake.

HESABU YA KWELI

Njia ya kuijua kweli ya gari lako ni rahisi, na watoto wa skuli wanaweza kukusaidia wakafaidika:

1. Jaza tangi mpaka pampu ijikate yenyewe. Rudisha kihesabu cha safari kwenye sifuri.

2. Endesha kama kawaida yako, kilomita 300 au zaidi.

3. Jaza tena mpaka pampu ijikate, ikiwezekana katika pampu ile ile. Andika lita zilizoingia na kilomita ulizokwenda.

4. Gawanya lita kwa kilomita, kisha zidisha kwa 100.

Katika safari ya kurudi mwaka ule nilifanya hivyo. Kilomita zilikuwa 412 na petroli iliyoingia ilikuwa lita 37.9. Jawabu ni lita 9.2 kwa kilomita 100, si 6.5.

Sasa tuitengeneze ile hesabu upya. Kutoka lita 50 ondoa lita 8 za akiba, ambazo hatuzihesabu kuwa zetu. Zimebaki 42. Gawanya 42 kwa 9.2, zidisha kwa 100: kilomita 456. Tofauti kati ya hesabu ya kijitabu na hesabu ya kweli ni kilomita 313. Ndani ya tofauti hiyo ndimo nilimomkalisha mama yangu juani.

Neno moja kwa walionunua magari yaliyotumika kutoka Marekani, na kwa jamaa zetu walioko Uingereza wanaosoma gazeti hili. Galoni si moja. Ya Marekani ni lita 3.785, ya Uingereza ni lita 4.546. Gari linalokwenda maili 30 kwa galoni ya Marekani ndilo lile lile linalokwenda maili 36 kwa galoni ya Uingereza. Msishindane kwa simu kabla ya kuulizana galoni ya nani.

KABLA YA KUONDOKA

Katika njia ya jangwa shikeni kanuni ya nusu: mshale ukifika nusu na pampu ikiwapo, simama ujaze, hata kama kuna msururu. Anayesubiri kwenye pampu angalau yuko penye kivuli na maji. Usitegemee kituo cha mbele, kwani huenda kimefunga au kimeishiwa.

Chukueni maji ya kutosha siku nzima kwa kila mtu, na dawa za wagonjwa ziwekwe katika kopo la barafu lenye akiba. Nambari ya dharura ya polisi hapa Oman ni 9999. Gari likizimika, lisogezeni nje ya lami na msiliache kwenda kutafuta msaada kwa miguu. Gari huonekana kwa mbali kuliko mtu.

Wanaotaka kubeba petroli ya akiba watumie debe lililotengenezwa kwa kazi hiyo tu, si galoni la maji la plastiki. Litiwe petroli likiwa limewekwa chini ardhini, si ndani ya buti, kwa sababu ya cheche za umeme tuli. Na lisikae katika gari walimo watoto, maana mvuke wake ni sumu na ni moto. Kwa wengi wetu kanuni ya nusu ni salama kuliko debe.

Sisi tumefundishwa kumfunga ngamia kwanza, kisha tukatawakali. Ngamia wa zama zetu ana tangi, na kamba yake ni hesabu hii ndogo. Mama yangu alisafiri nasi mara mbili tena kwenda Salalah kabla ya kufariki. Mara zote mbili, kabla hatujatoka Maskati, aliniuliza kutoka kiti cha nyuma, "Umetia kijiti?" Nami nilimjibu kwa nambari.

Mwenyezi Mungu awape wasafiri wetu wote salama ya kwenda na ya kurudi.

Wabillahi tawfiq. Wassalaamu alaykum.