Kimya cha Msitu Kwenye Skrini

Malori ya mbao kutoka Kongo yakishamaliza ushuru, hushika barabara ya Nebbi kuelekea Kampala na kupita Kuluva, jirani na hospitali. Mfanyabiashara anayeyatazama huhesabu: mvule kiasi gani, mahogani kiasi gani. Ni nadra kujiuliza mahali ulipokuwa mti ule palikuwaje kabla ya msumeno kufika.

Filamu iliyorekodiwa hapa hapa Uganda inatufikisha mahali kama hapo. "Chimp Empire" yenye sehemu 4, iliyoongozwa na James Reed na kutolewa na Netflix mwaka 2023, inawafuata sokwe mtu wa Ngogo, ndani ya Hifadhi ya Taifa ya Kibale. Watafiti wamekuwa wakitembea nao tangu mwaka 1995, ndiyo maana hawaikimbii kamera.

Sisi tumezoea vibanda vya video, ambako vijei hutafsiri na kutania mwanzo hadi mwisho. Msituni kamera inatulia. Majani yanadondosha matone, mwanga unapenya kidogo, mama anamchambua mwanawe manyoya bila haraka. Ukikubali kungoja, unaanza kusikia. Mtini ukiiva, kelele hupanda na kundi hukusanyika: mti ule ndio soko lao.

Lakini kimya hicho si cha amani siku zote. Jamii ya Ngogo, iliyowahi kuzidi sokwe 200, imegawanyika makundi mawili, la Kati na la Magharibi. Madume hukagua mpaka wao kwa mstari mmoja, bila sauti, wakisimama kusikiliza. Wakimkuta jirani peke yake, wanaweza kumuua. Wanagombea ardhi, na juu ya ardhi hiyo kuna miti yenye matunda.

Sisi wa mipakani tunaelewa. Tofauti ni kwamba sisi tuna forodha, risiti na lugha ya kupatana bei; mwenzetu wa upande wa pili ni mteja.

Hakuna anayekula utulivu, na mbao husomesha watoto. Ila mvule huchukua miaka mingi kukomaa, na huangushwa kwa siku moja. Anayedai hati za mzigo kabla ya kulipa anailinda biashara yake ya kesho. Filamu hii inamwonyesha mti ukiwa bado umesimama, na wanaouhitaji ukiwa hivyo.