Nusu Siku Guangzhou: Ulipie Gari, Mwongoza Wageni au Utembee Mwenyewe?

Mfanyabiashara wa Kariakoo, Eastleigh au Kampala anayefuata mzigo Guangzhou huwa na hesabu ya kila kitu: bei ya jumla, gharama ya kontena, ushuru wa bandarini. Lakini mzigo ukishafungwa na ndege ikawa ya usiku, hesabu hiyo huishia hapo. Wapo wanaolala hotelini mpaka saa ya kuondoka, na wapo wanaokubali matembezi ya kwanza waliyotajiwa mapokezini bila kuuliza yana nini ndani. Makundi yote mawili yanapoteza. Mji huu umepokea mabaharia Waarabu na Waajemi, wamisionari Wafaransa, makampuni ya Kiingereza, Waislamu wa Kihui na wachuuzi wa Kiafrika, na sehemu kubwa ya historia hiyo unaweza kuiona kwa mguu ndani ya nusu siku.

Hapa nalinganisha njia nne za kuitumia nusu siku hiyo. Msimamo wangu nauweka wazi mapema: pesa ya matembezi mafupi ilipie ujuzi wa mtu, isilipie gari. Na ujuzi huo ununuliwe kwa kuchanga, kwa yale maeneo ambayo macho peke yake hayatoshi.

Kwa hesabu zote zinazofuata, chukulia yuan moja kuwa kama shilingi 18 za Kenya au 350 za Tanzania, kisha urekebishe kwa kiwango cha siku yako.

Bei halisi ya kuona mji

Kabla ya kumlipa yeyote, jua mji wenyewe unadai kiasi gani. Jibu ni kwamba unadai kidogo sana.

Anzia kituo cha metro cha Ximenkou, laini namba 1. Karibu yake upo msikiti wa Huaisheng, wenye mnara wa mviringo wa mita 36 hivi. Mapokeo ya Waislamu wa Guangzhou yanauhusisha na sahaba Saad bin Abi Waqqas na karne ya kwanza ya Uislamu. Wanahistoria hubishana kuhusu tarehe, ila hakuna anayekataa kwamba ni miongoni mwa misikiti ya kale zaidi nchini China. Mwislamu huingia kusali bila kulipa. Asiye Mwislamu kwa kawaida huutazama kutoka nje. Umbali mfupi kwa mguu kutoka hapo lipo hekalu la Kibudha la Liurong, lililoanzishwa mwaka 537, na mnara wake wa ghorofa nyingi unaonekana kutoka mtaani.

Kituo kinachofuata kwenye laini hiyohiyo ni cha Jumba la Ukoo wa Chen, lililokamilika mwaka 1894 kwa michango ya watu wa ukoo huo kutoka wilaya mbalimbali za Guangdong. Kiingilio ni yuan 10. Vituo viwili mbele kipo Huangsha, na hapo unavuka kuingia Shamian, kisiwa kidogo ambacho Waingereza na Wafaransa waligawana baada ya Vita vya Pili vya Afyuni. Kutembea humo hakuna kiingilio. Kutoka Huangsha unapanda laini namba 6 hadi Yide Lu, penye kanisa kuu la Moyo Mtakatifu. Ni kanisa la mawe matupu lenye minara miwili ya mita 58 hivi, lililojengwa kuanzia 1863 hadi 1888. Nalo halina kiingilio. Mwisho unakwenda Xiaobei, mtaa ambao Waafrika wengi wamefanyia biashara tangu miaka ya 2000.

Nauli ya metro huanzia yuan 2 kwa safari isiyozidi kilomita 4. Safari tatu za mwanzo ziko ndani ya kiwango hicho, na ile ya kwenda Xiaobei ni yuan 3 au 4. Jumla haifiki yuan 11. Kwa hiyo usinunue tiketi ya siku nzima ya yuan 20, kwa matembezi haya itakula pesa yako bure. Ongeza kiingilio cha Jumba la Chen na bakuli la tambi la yuan 20 hivi kwenye mgahawa wa Kihui, na siku imekwisha kwa yuan 40 hivi. Hiyo ni kama shilingi 720 za Kenya, au 14,000 za Tanzania.

Kiasi hicho ndicho kipimo chako. Kila anayekutajia bei ya juu zaidi, muulize: hiyo ziada inaninunulia nini?

Njia ya kwanza: peke yako

Ndiyo nafuu kuliko zote, na kwa baadhi ya maeneo ndiyo bora. Mwislamu hahitaji mtu wa kumfasiria swala ya Ijumaa. Akiingia kwenye msikiti wa Xianxian, karibu na stesheni kuu ya reli, atasimama safu moja na Wachina, Waarabu na Waafrika, na salamu itatosha. Mkatoliki naye atajikuta nyumbani kwenye misa ya Kiingereza ya Jumapili kanisani Yide Lu. Shamian ni pa kutembea tu chini ya miti mikubwa na kutazama majengo.

Upungufu wake ni lugha. Ramani za Google na WhatsApp hazifunguki kwenye mtandao wa kawaida wa China, kwa hiyo pakua ramani ya Kichina na programu ya kutafsiri kabla ya kuondoka nyumbani. Beba kadi ya hoteli yenye anwani kwa Kichina, pamoja na pasipoti yenyewe, kwani sheria inamtaka mgeni awe nayo mkononi. Kwa malipo, Alipay na WeChat zinapokea kadi za benki za nje, na malipo yasiyozidi yuan 200 hayakatwi ada. Zaidi ya hapo hukatwa asilimia 3.

Njia ya pili: ndugu au rafiki aliyeko huko

Wengi wetu tuna kijana wa nyumbani anayesoma Guangzhou, na jambo la kwanza ni kumpigia simu. Akikutembeza kwa undugu, mnunulie chakula, mpe na nauli. Huo ndio ustaarabu wetu. Hatari huanza pale inapogeuka kazi ya malipo. Mwenye viza ya mwanafunzi hana ruhusa ya kufanya kazi ovyo, na akikamatwa anatembeza wageni kwa ujira, atakayetozwa faini au kurudishwa nyumbani ni yeye, wewe ukiwa umeshapanda ndege. Kuokoa yuan mia mbili tatu hakufai kulinganishwa na masomo ya mtoto wa mtu.

Tena, kujua Kichina cha darasani na kujua maduka ya jumla si kujua historia ya mji. Ukitaka mwenyeji wa kukupeleka penye chakula halali na bei nzuri, ndugu anatosha. Ukitaka kuelewa unachokiona, soma njia inayofuata.

Njia ya tatu: mwongoza wageni mwenye leseni, kwa miguu

Hapa bei hutofautiana sana kulingana na lugha, msimu na kampuni, kwa hiyo nitumie mfano. Tuseme umetajiwa yuan 600 kwa nusu siku. Ukiwa peke yako, ukijumlisha na yale matumizi ya yuan 40, umefika 640, mara kumi na sita ya gharama ya kutembea mwenyewe. Mkiwa wanne, kila mmoja anatoa 150, jumla yake ni 190. Bei ya mwongozaji haikushuka hata yuan moja, ila mzigo umegawanyika. Ndiyo maana swali la kwanza kuuliza ni kama bei ni ya kikundi au ya kila kichwa. Mkitajiwa bei ya kila kichwa kwa matembezi ya miguu, jadilianeni.

Je, ziada hiyo inanunua nini? Nitoe mifano miwili.

Kwenye Jumba la Chen, mgeni huingia, hupiga picha ukumbini na kutoka. Mwongozaji mzuri atakusimamisha uani na kukuelekeza macho juu ya paa. Ukingo wote wa paa umejaa sanamu ndogo za kauri: majemadari, wanawake, farasi, nyumba ndani ya nyumba, zimepangwa mithili ya jukwaa la maigizo. Kila kipande ni tukio kutoka hadithi ambazo Wachina wa kusini walizijua kwa moyo. Bila mtu wa kukusimulia, hayo ni mapambo tu. Ukisimuliwa, unaelewa kwamba ukoo huu ulikuwa unajitangaza kwa kila apitaye.

Mfano wa pili ni mtaa wa Yide Lu, nje ya lile kanisa, wenye maduka ya jumla ya vyakula vikavu vya baharini. Magunia yako wazi barazani: kamba wakavu, pweza, majongoo bahari yaliyokauka mpaka yakawa magumu kama jiwe, na mabondo ya samaki ya rangi ya asali yaliyopangwa kwa ukubwa. Mtu wa Mwanza au Kisumu anayajua mabondo. Ya sangara wa Ziwa Victoria husafirishwa kwenda soko la China, na majongoo bahari ya pwani yetu yamefuata njia hiyo kwa miaka mingi. Mwongozaji atakufasiria vibao vya bei, atakueleza nani ananunua na kwa nini bondo nene hupita jembamba thamani mara nyingi. Kwa mtu wa biashara, nusu saa hapo yaweza kulipa gharama ya matembezi yote.

Njia ya nne: kifurushi chenye gari na dereva

Hiki ndicho kinachouzwa zaidi hotelini, na ndicho ninachokitilia shaka zaidi. Maeneo yote niliyoyataja yako ndani ya mji mkongwe, na foleni za huko hazimjali mgeni. Hata ukichoka na metro, teksi huanzia yuan 12 kwa kilomita 3 za kwanza. Ukichukua teksi kila unapohama, jumla haizidi sana yuan 60 kwa gari zima la watu wanne. Basi kampuni ikiongeza mamia ya yuan kwa ajili ya gari la nusu siku, unalipia kiti kitakachokaa kwenye foleni.

Vilevile vifurushi hupenda kuingiza mnara wa Canton, wenye urefu wa mita 600. Kupanda ukumbi wake wa juu ni kama yuan 150. Ni mnara mzuri, lakini unapendeza zaidi ukitazamwa kutoka mtoni, na kivuko cha abiria cha Mto Pearl ni yuan 2.

Gari lina haki yake kwa watu fulani: mzee, mgonjwa wa magoti, mama mwenye watoto wadogo, au yeyote anayefika kati ya Juni na Agosti, miezi ya joto na mvua kubwa. Pia linafaa kama utatoka na mizigo moja kwa moja hadi uwanja wa ndege. Kama si hivyo, metro inafika uwanjani Baiyun kwa nauli isiyozidi yuan 10.

Ya kuhakikisha kabla ya kulipa

Sheria ya Utalii ya China, iliyoanza kutumika Oktoba 2013, iko upande wako. Mwongoza wageni lazima awe na leseni na apangiwe kazi na kampuni iliyosajiliwa. Haruhusiwi kukuomba bakshishi. Kampuni nayo hairuhusiwi kukuvuta kwa bei ya kutupa kisha ijilipe kwa kamisheni ya maduka. Kwa hiyo ukitajiwa bei ya ajabu kwa urahisi wake, tarajia kupelekwa duka la chai au jiwe la jade na kukalishwa humo saa nzima. Andikishaneni mapema: hakuna duka ambalo sikuliomba.

Muulize pia anatumia lugha gani. Mkongomani au Mrundi na atafute wa Kifaransa, wengine Kiingereza. Omba mzungumze dakika tano kwa simu kabla hujalipa, maana lugha iliyoandikwa kwenye tangazo si lazima iwe ndiyo inayotoka mdomoni.

Angalia na kalenda. Maonyesho ya biashara ya Canton, yenye awamu kadhaa, hufanyika mara mbili kwa mwaka, kuanzia katikati ya Aprili na katikati ya Oktoba, na wakati huo vyumba na wakalimani hupanda bei. Kama safari yako imeangukia hapo, weka matembezi kwenye zile siku chache za mapumziko kati ya awamu moja na nyingine.

Na mkifika Xiaobei, watu wanaofanya kazi pale si kivutio. Omba ruhusa kabla ya kupiga picha. Usimruhusu mwongozaji akusimulie sherehe tupu za mataifa kukutana. Mwezi Aprili 2020, wakati wa korona, Waafrika wengi wa mji huu walifukuzwa majumbani na hotelini, mpaka mabalozi wa Afrika wakapeleka malalamiko yao Beijing. Mji wa mataifa mengi unaeleweka kwa namna ulivyowapokea wageni na kwa namna ulivyowakosea. Mwongozaji anayeweza kuyazungumza yote mawili kwa heshima anastahili ujira wake.

Uamuzi

Ukiwa peke yako na bajeti ndogo, tembea mwenyewe: yuan 40 na ramani iliyopakuliwa zinatosha. Mkiwa watatu au zaidi, changeni mumkodi mwenye leseni kwa miguu, na muda wake mwingi muutumie Jumba la Chen na Yide Lu, si Shamian. Ukisafiri na mzee au mtoto, ongeza teksi kabla ya kufikiria gari la kampuni. Na ndugu yako mwanafunzi mwalike chakula cha jioni, mle pamoja, asome kwa amani.